Kifaa cha Moyo na Usukani: Tusiharakishane

Mwanamke aliyewekewa difibrileta, kifaa cha kifuani kinachoushtua moyo ukienda mbio vibaya, asihimizwe kuendesha gari, hata kama harusi ya mdogo wake ni kesho. Kifaa huokoa roho, lakini anaweza kuzimia kabla hakijafanya kazi. Uingereza, aliyewekewa kwa tahadhari tu husubiri mwezi 1. Aliyewekewa baada ya moyo kumwangusha, miezi 6. Kwetu, daktari wake ndiye aseme lini. Akiwa abiria, mkanda asiuache. Kiti cha mbele hupita bega la kushoto, ambako kifaa huwekwa mara nyingi. Mshoneeni kijimto laini akiweke chini yake. Kutawakali si kuhatarisha watoto wa wenzetu barabarani.