Karatasi kwanza, franga nyuma

Ndugu wachimbaji, ba mama na ba papa wa Pweto na Kilwa,

Kila kiangazi, barabara ikikauka na kamyo zikianza kupita, ku sindika tunapokea maneno ni yale yale. Pikipiki imekamatwa na masaki ya madini juu yake. Mwenyewe anaambiwa: "Lipa, tumalize hapa hapa." Analipa. Pikipiki inabakia paka mu kiwanja. Kisha siku tatu anaambiwa alipe tena.

Mimi sisemi kulipa ni mubaya. Sheria yenyewe inakubali. Code de procédure pénale ya 6 Agosti 1959, kifungu cha 9, inasema: OPJ akiona kama tribinali ingetoa amande tu, anaweza kumwita mwenye kosa alipe, mambo yaishe. Njo amande transactionnelle. Lakini ile franga inaenda ku sanduku ya Leta, haiendi mu mufuko wa mutu. Haiwezi kupita kiasi cha juu cha amande ya lile kosa. Na kulipa hakumaanishi umekubali kama ulikosa.

Basi, mbele ya kutoa hata franga moja, uliza vitu vine.

Kwanza, P.V. ya saisie. Inapaswa kuandika vitu vyote vilivyokamatwa, na wewe unatia sinyatire pamoja na OPJ. Hesabu masaki, andika namba ya shasi, taja betri na magurudumu. Karatasi nyeupe usitie mukono.

Pili, jina la kosa na kifungu chake mu Code minier ya 2002, ile iliyobadilishwa 2018. Kuchimba bila karte na kuiba madini si kosa moja.

Tatu, note de perception ya DGRAD na karatasi ya banki.

Ine, maandishi ya kusema nini inabakia kwa Leta na nini inarudi kwako. OPJ ana haki ya kuomba uache vitu ambavyo sheria inaruhusu kunyanganya. Kama karatasi imenyamaza juu ya pikipiki, utaifuata mpaka uchoke.

Na pikipiki ya kukodi? Kanuni ya kawaida ya Code pénal inasema chombo kilichotumika kufanya kosa kinanyanganywa kama ni mali ya yule aliyehukumiwa. Mwenye pikipiki aje na karte roze yake, aseme wazi: hii ni mali yangu, mimi sikukosa.

Wengine watasema: karatasi zinachelewesha, watoto wanangoja bukari, afazali kulipa mbio. Nasikia. Lakini hata ukilipa sawasawa, parke inaweza kuamua kuendelea na kesi. Sasa ukilipa bila karatasi, siku ile utaonyesha nini? Na ku bariere ya pili utasema nini? Franga bila karatasi haikumaliza kesi, ilifungua ingine.

Kwa wakubwa pia tuko na neno. Bandikeni bei za amande mahali kila mutu anaona. Mutu akileta karatasi ya banki asubuhi, chombo chake kitoke siku ile ile. Na zaidi: sheria inataka muchimbaji wa mikono afanye kazi ndani ya ZEA, na karte, na kooperative. Ni vizuri. Lakini ukimukataza mutu kuchimba inje ya ZEA, na ZEA iko mbali naye, unamufanya mukosaji kila asubuhi, na ile amande inageuka kodi ya umaskini.

Ndugu, musiende peke yenu ku kiwanja. Pitia ku sindika ao ku kooperative, mwende watu wawili, mumoja anaongea, mwingine anaandika: saa, siku, jina na matrikule ya yule aliyewapokea. Haiombi masomo mengi. Inaomba kalamu tu.