Nyonga Ilivunjika Mara Moja, Isiandikwe Mara Tatu

Mwezi huu hatutaongea juu ya dawa wala chakula. Tunapenda kuongea juu ya mstari mmoja wa maandishi, ule anaouandika tabibu kwenye cheti chako unaporudi kliniki. Wengi hawausomi. Wengine wanadhani ni mambo ya makarani tu. Sisi tunaona kwamba mstari huo unaweza kumwokoa mgonjwa au kumponza, na tutaeleza kwa nini.

Tuchukue mfano wa mama kijana aliyegongwa na pikipiki akitoka sokoni. Amevunjika mfupa wa kinena, yaani ule wa mbele ya nyonga. Analazwa, anafundishwa kutembea kwa magongo, kisha anaruhusiwa kwenda nyumbani na kuambiwa arudi baada ya majuma mawili, baada ya majuma sita na baada ya miezi mitatu. Mama huyu ni mtiifu, anarudi kila mara. Mara ya kwanza tabibu anaandika: "Kuvunjika nyonga." Mara ya pili tabibu mwingine anaandika tena: "Kuvunjika nyonga." Mara ya tatu foleni ni ndefu, anaandikiwa "maumivu ya kiuno" na kupewa vidonge.

Sasa mtu akihesabu katika vitabu vya hospitali, pamoja na siku ile aliyolazwa, atakuta nyonga tatu zilizovunjika na kiuno kimoja kinachouma. Lakini aliyegongwa ni mtu mmoja, na aligongwa mara moja.

Hapo ndipo inapoingia habari ya msimbo. Msimbo ni alama ya herufi na tarakimu inayosimama badala ya jina la ugonjwa, ili daktari wa Songea na wa Nairobi waelewane bila kubishana juu ya maneno. Kazi hii ni ya zamani. Mwaka 1893 Mfaransa Jacques Bertillon alitoa orodha ya sababu za vifo, na mwaka 1948 Shirika la Afya Duniani likaichukua na kuongeza magonjwa yasiyoua. Toleo la kumi lilipitishwa mwaka 1990. Toleo la kumi na moja limeanza kutumika tarehe 1 Januari 2022, ingawa mahali pengi bado wanatumia lile la kumi.

Katika toleo hilo la kumi, kuvunjika kwa mifupa ya nyonga kumo ndani ya S32, pamoja na uti wa mgongo sehemu ya kiuno. Mfupa wa kinena ni S32.5. Kile kikombe ambamo kichwa cha paja huzunguka ni S32.4. Lakini sisi tunaposema "babu amevunjika nyonga" baada ya kuteleza bafuni, mara nyingi tunataka kusema shingo ya mfupa wa paja, na hiyo ni S72.0. Ni mfupa mwingine na tiba nyingine. Kwa hiyo neno "nyonga" peke yake halitoshi, hata likiandikwa kwa mwandiko mzuri.

Tena, namba hiyo inasema kilichovunjika ni nini. Haisemi mgonjwa amefikia wapi katika kupona. Kwa ajili hiyo zimewekwa namba nyingine. Yupo aliyemaliza tiba ya mfupa na amekuja kuchunguzwa tu, huyo ana Z09.4. Yupo ambaye mwaka mmoja au zaidi umepita na bado anachechemea kwa sababu ya nyonga ile ile, huyo ana T91.2, maana yake ni madhara yaliyobaki.

Wenzetu wa Marekani wamekwenda mbali zaidi. Tangu tarehe 1 Oktoba 2015 wanaongeza herufi mwishoni mwa msimbo wa mfupa wenyewe. A ni mgonjwa ambaye bado yuko katika tiba ya jeraha lenyewe, kama upasuaji. D ni yule anayeendelea kupona vizuri. G ni yule ambaye mfupa unachelewa kuunga. K ni yule ambaye mfupa umekataa kuunga. S ni yule aliyebakiwa na madhara. Angalieni kwamba D haihesabu safari za kwenda hospitali. Mtu anaweza kuonwa mara kadhaa akiwa bado katika A, maana herufi inafuata hali ya tiba.

Hatusemi kwamba zahanati zetu zianze kesho kuandika herufi za Wamarekani. Tunasema kwamba swali lililo nyuma ya herufi hizo ni zuri, na linaulizika hata chini ya mwembe: mfupa huu unaungaje?

Wapo watakaotupinga. Watasema, "Ninyi waandishi hamjui foleni zetu. Tabibu ni mmoja, wagonjwa ni themanini, nanyi mnataka aandike insha!" Tunaijua foleni hiyo, na tunawaheshimu wanaoibeba. Lakini hatuombi insha. Tunaomba mambo matatu: mfupa upi, ulivunjika lini, unaungaje. "Kinena cha kulia, umevunjika Machi, juma la sita, unaunga vizuri." Mstari huo unaandikwa kwa muda ule ule wa kuandika "maumivu ya kiuno". Tena karani wa kumbukumbu hawezi kuweka msimbo sahihi kama tabibu hakumwandikia kitu. Tusimlaumu karani kwa kosa lililoanzia chumba cha daktari.

Kwa nini tunasisitiza? Kwanza ni kwa sababu ya hesabu. Vitabu vya MTUHA vina mahali pa mahudhurio ya marudio, na mahali hapo hapakuwekwa kwa urembo. Wilaya inapanga vitanda, magongo na filamu za eksirei kwa kutazama takwimu. Tukimhesabu mgonjwa mmoja mara tatu, tutadhani ajali ni nyingi kuliko zilivyo. Tukiziita ajali maumivu ya kiuno, tutadhani barabara zetu ni salama. Wahenga walisema: mali bila daftari hupotea bila habari.

Pili ni uaminifu. Tangu Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya uanze kazi mwaka 2001, maandishi ya tabibu yamekuwa pia hati ya malipo. Kuandika marudio kana kwamba ni jeraha jipya ili dai lionekane kubwa ni kuchukua fedha ya wanachama wengine. Vile vile kumwandikia mgonjwa ugonjwa mwepesi ili fomu ipite haraka ni kumfutia historia yake.

La tatu ndilo kubwa kwetu. Turudi kwa yule mama. Miaka miwili imepita, ana mimba ya miezi minane, na amehamia kwa mumewe wilaya nyingine. Mkunga anasoma cheti chake cha zamani, anakuta maandishi ya mwisho ni "maumivu ya kiuno". Hajui kwamba mifupa ya njia ile ile ambayo mtoto atapita iliwahi kuvunjika. Wanawake wengi waliovunjika nyonga hujifungua salama kwa njia ya kawaida, wala hatutaki mtu aogope. Lakini kama mifupa iliunga ikiwa imepinda, njia inaweza kuwa nyembamba, na hilo linafaa lijulikane mapema, mama akiwa bado na nafasi ya kufika hospitali yenye chumba cha upasuaji. Lisijulikane usiku wa manane, gari hakuna na mtoto amekwama.

Wanaume nao wasijione wako nje. Nyonga ikivunjika, mrija wa mkojo unaweza kuumia, na kovu likaubana miezi mingi baadaye. Mzee anayesukuma mkojo kwa shida akiwa na cheti kinachosema kweli atapelekwa panapohusika. Asiye nacho huenda akazungushwa kwa dawa za maambukizo mwaka mzima.

Basi tufanye nini? Ninyi matabibu, andikeni yale mambo matatu. Wakuu wa hospitali, kaeni na makarani wenu, mchukue vyeti kumi vya marudio ya mwezi uliopita, mwone vinasema nini. Nawe msomaji uliyevunjika, au unayemuuguza aliyevunjika, tunza cheti chako na picha zako za eksirei mahali pakavu, uende navyo kila mara. Kabla hujatoka chumbani uliza kwa adabu: "Daktari, umeandika mfupa gani, na unaungaje?" Ukipata mimba, mwambie mkunga siku ya kwanza ya kliniki, usingoje akuulize. Na usingoje tarehe ya kurudi ukiona mguu mmoja umevimba, pumzi inabana, au mkojo hautoki. Nenda siku hiyo hiyo.

Mfupa ukitunzwa huunga kwa miezi michache. Maandishi mabaya hayaungi yenyewe, hubaki yalivyo mpaka siku yanapohitajika.