Si Kila Kompyuta Iliyokwama Ipigwe Window

Pita hosteli yoyote na laptopu iliyogomea programu, ushauri utakaopewa ni mmoja: "Piga window." Umeme ulikatika katikati ya kusakinisha, au bando liliisha. Sasa programu haifunguki, haifutiki, na ukijaribu kuiweka upya inakataa. Basi mashine inakwenda kwa fundi, hela ya bumu inatoka, na sura ya tatu ya utafiti wako inaweza kuondoka nayo, maana Desktop na Documents kwa kawaida zinakaa kwenye diski C, ile ile inayofutwa.

Mimi nasema ugonjwa huu haustahili dawa kali hivyo. Programu ikisakinishwa hunakili mafaili yake na kujiandikisha kwenye rejista ya Windows. Ikikatishwa njiani huacha mabaki, na mabaki husafishwa.

Kwanza, zima na uwashe upya. Windows Installer hushughulikia programu moja kwa wakati. Ikiona kazi nyingine bado inaendelea, hutoa kosa namba 1618, na mara nyingi kuwasha upya kunatosha. Pili, endesha tena faili lile lile la usakinishaji, liache limalize, ndipo uiondoe programu kupitia Settings, sehemu ya Apps. Ikigoma bado, Microsoft wametoa kifaa cha bure cha kuondoa programu zilizokwama. Mwisho, funga kila kitu, andika %temp% kwenye Run, ufute kinachokubali kufutika. Wenzetu wa Ubuntu wana amri sudo dpkg --configure -a, inayomalizia kazi pale ilipokatikia. Rejista usiiguse kwa kubahatisha, na vile viprogramu vinavyojidai kuisafisha achana navyo.

Wapo watakaosema hayo ni ya watu wa IT, sisi wa Education tuna yetu. Hapo ndipo ninapopinga. Kesho tutakuwa shuleni, na shule nyingi hazina fundi. Mwalimu kijana aliyetoka chuo ndiye ataambiwa, "Wewe mtaalamu, hebu itazame." Kama unachojua ni kupiga window tu, na huna flashi yenye Windows wala intaneti ya kuishusha, kompyuta ile itafunikwa kitambaa na kuitwa mbovu. Wanafunzi watabanana kwenye zilizobaki, kumbe ilihitaji kusafishwa tu.

Kwa hiyo naiomba serikali yetu ya wanafunzi: kabla hatujaenda TP, tutafutieni Jumamosi moja na maabara ya kompyuta, wenzetu wa IT watufundishe kusafisha, siyo kufuta. Nawe msomaji, kabla ya kubeba laptopu kwenda mtaani, nakili kazi zako kwenye flashi, kisha jaribu hatua hizi. Zikishindikana, sawa, nenda. Fundi hakimbii.