Kaye ya Kiingereza nayo tuifungue

Wengi wenu mnatuambia: kaye ya hesabu ninaiangalia, ya Kifaransa pia kidogo, lakini ya Kiingereza ninaifunga na kumrudishia mtoto. Juma hili tuifungue, kwa jambo moja ambalo hata mama asiyejua Kiingereza anaweza kulifuata.

Kuna maneno ya Kiingereza yanayokwenda mawili mawili, na ukiyasikia ni karibu sauti moja: «its» na «it's», «your» na «you're», «their» na «they're», «whose» na «who's». Sikio halisaidii hapa. Waingereza wenyewe wanayachanganya wakiandika. Mliosoma Kifaransa mnakumbuka taabu kama hiyo kati ya «ses» na «c'est».

Ile apostrofi, kialama kinachoning'inia juu kati ya herufi, inaonyesha kwamba kuna herufi iliyotolewa. «It's» ni «it is» iliyofupishwa. «You're» ni «you are». (Katika ng'ombe yetu hakuna herufi iliyotoka, pale alama ni ya sauti tu.) Lakini «its», «your», «their» na «whose» ni maneno ya mwenye mali: yake, yako, yao, ya nani. Hayakupoteza herufi, basi hayana alama.

Sasa kazi ya mama. Mtoto ameandika «The dog eats it's food». Weka kidole kwenye lile neno lenye alama, umwambie alitafsiri kwa Kiswahili. Akisema «chake», alama iondoke. Lakini kwa «It's hot», atasema «ni moto» au «kuna joto». Hakuna yake wala chake, alama ibaki. Kwa «You're late» atasema «umechelewa». Hakuna yako, alama ibaki. Akibisha kuhusu yule mbwa, mwambie asome kwa urefu: «The dog eats it is food», yaani mbwa anakula ni chakula. Atacheka mwenyewe.

Msimgombeze lakini. Kosa hili linatoka kwenye akili nzuri: shuleni amefundishwa «Mama's basket», kikapu cha mama, na alama ipo. Anafikiri basi kila mwenye mali anavaa alama. Jina linaivaa, ndiyo. Haya maneno madogo hayaivai kamwe, hata «hers», «ours», «yours» na «theirs», ambayo tunayakuta na apostrofi katika kaye nyingi sana.

Jambo hili si la maksi tu. Vikundi vyetu vinauza vikapu, kahawa, vitenge, na ng'ambo ya mpaka barua zinataka Kiingereza. Uganda ni tangu zamani; Rwanda nayo ilikiweka kuwa lugha ya kufundishia shuleni mwaka 2008. Anayetuandikia barua hizo mara nyingi ni binti yetu wa sekondari. Akiandika «Thank you for you're order», mnunuzi ataelewa, ila atajiuliza kama aliyeandika hivyo ndiye aliyepiga hesabu za bei. Na akiandika kwa simu, asome mara ya pili kabla ya kutuma: simu nyingi zinaongeza apostrofi zenyewe bila kuulizwa.

Linabaki kosa moja ambalo kidole hakitalishika, kwa sababu tafsiri inatoka «yake» kila mara. Mtoto anaandika «Maria loves his father» akitaka kusema Maria anapenda baba yake. Kiswahili chetu hakiulizi kama mwenyewe ni mume au mke. Kifaransa kinatazama kile kinachomilikiwa: «son père», hata kama anayesema juu yake ni Maria. Kiingereza kinamtazama mwenyewe. Maria ni mwanamke, basi ni «her father». Ukiandika «his», msomaji wa Kampala atatafuta ni baba wa mwanaume gani. Kwa hiyo baada ya kila «yake», muulize mtoto tena: yake nani? Akijibu msichana au mama, ni «her». Akijibu mvulana au baba, ni «his». Akijibu nyumba, kiti au mti, ni «its», bila alama.