Mbwa na Kamba Siku ya Chanjo

Katika vijiji vya Malinyi, kama ilivyo katika bonde zima la Kilombero, mbwa hulinda nyumba na mashamba, na kwa kawaida hutembea huru. Si wachache wanaotiwa kamba shingoni kwa mara ya kwanza siku ile wanapopelekwa kuchanjwa dhidi ya kichaa cha mbwa, na mara nyingi mshika kamba ni mtoto wa shule. Mbwa huvuta, hugaagaa, hukutana na mbwa wageni, huuma. Na wako wenye mbwa wanaoona heri wawaache nyumbani. Kwa maoni yangu, jambo hili lastahili kufundishwa shuleni.

Ili ugonjwa huu ukatike katika eneo, yapasa mbwa wapatao asilimia 70 wachanjwe, na kazi irudiwe kila mwaka, kwa kuwa wakubwa hufa na wadogo huzaliwa. Tangu mwaka 2010 Shirika la Afya Duniani lilishirikiana na Serikali katika mradi wa chanjo kusini mashariki mwa Tanzania, zikiwamo wilaya za Kilombero na Ulanga. Wakati huo Malinyi ilikuwa sehemu ya Ulanga. Lakini sindano haimfai mbwa asiyefikishwa kituoni, na dalili zikishamtokea binadamu, karibu hakuna anayepona.

Kwa nini mbwa huvuta? Watu husema ni ubishi. Jibu la sayansi ni jepesi zaidi: huvuta kwa sababu kuvuta kumemfaa. Edward Thorndike wa Marekani alionyesha mwaka 1898, kwa paka aliowafungia katika visanduku, kwamba tendo lenye matokeo mazuri hurudiwa. Mbwa akivuta kuuendea mti na mwenye kamba akamfuata, amekwisha kulipwa. Kumpiga humfundisha kuuogopa mkono tu, na mbwa mwoga ni mwepesi wa kuuma.

Basi malipo yageuzwe. Kwanza mbwa azoeshwe mkanda mpana shingoni, wala usiwe kitanzi kinachokaza. Kisha atembezwe uani kwa kamba. Kamba ikikaza, mtu asimame kimya. Ikilegea, aendelee, na papo hapo ampe mbwa kipande cha ugali au dagaa. Akichelewa, mbwa atadhani amelipwa kwa tendo jingine. Dakika 5 asubuhi na 5 jioni zatosha. Watu wote wa nyumba wafuate kanuni moja, kwani kuvuta kunakofanikiwa mara mojamoja ndiko kugumu kuliko kote kukomeshwa.

Watasema samaki hukunjwa angali mbichi. Kwa mbwa methali hii ni nusu ya kweli. Mzee naye hujifunza, ila polepole. Lakini mbwa aliyebadilika tabia ghafla, anayetokwa mate au kuuma ovyo, asiguswe na mwanafunzi: aitwe afisa mifugo. Aliyeumwa aoshe jeraha kwa maji mengi na sabuni kwa dakika 15, kisha aende hospitali siku hiyohiyo.

Mwalimu wa Biolojia aweza kuanza na mbwa mmoja mtulivu aliyekwisha chanjwa. Wanafunzi wahesabu kila jioni ni hatua ngapi kati ya 100 kamba imebaki legevu, waandike kwa siku 14, kisha wachore grafu.