Kava la Simu Si Sanduku la Fedha

Kava la pochi ni zuri. Hufunika kioo cha simu. Simu ikianguka, kava hupunguza kishindo. Tena lina mifuko ya kadi na noti.

Je, ni busara kuweka vyote humo? Mimi nasema hapana. Tangu M-Pesa ilipoanza Tanzania mwaka 2008, simu yenyewe ni pochi ya fedha. Ikiibwa sokoni, noti na kitambulisho vitakwenda pamoja nayo.

Basi, humo weka nauli ya siku tu. Kitambulisho kiweke mahali pengine.

Sasa unajua kuandika. Namba za jamaa ziandike katika daftari nyumbani. Namba ya siri usiiandike popote. Iweke kichwani.