Kabla ya kutupatia mashindano, mtupatie barabara

Tarehe 28 mwezi wa sita 1919, katika jumba la Versailles karibu na Paris, wakubwa wa mataifa walitia saini mkataba wa kumaliza vita ya kwanza ya dunia. Kesho yake, tarehe 29, waendesha baiskeli wasiofikia 70 waliondoka Paris kuelekea Le Havre. Tour de France ilikuwa imerudi, baada ya miaka minne mizima bila mashindano.

Tarehe 27 mwezi wa sita 2025, Washington, wajumbe wa Kongo na wa Rwanda nao walitia saini mapatano ya amani. Kesho yake barabara ya taifa nambari 2, ile inayotoka Goma na kupita Rutshuru, Kanyabayonga na Lubero hadi Butembo, ilikuwa ileile ya jana yake. Mstari wa mapigano uliikata mahali palepale, bariyeri zilikuwa zilezile, na wasafiri wengi waliendelea kuzunguka kupitia Uganda ili kutoka mji mmoja wa Kivu ya Kaskazini kwenda mwingine.

Msomaji atasema kwamba tunalinganisha vitu visivyolingana, na kwa sehemu ana haki. Wafaransa hawakupanda baiskeli kwa sababu ya saini ya Versailles. Bunduki zilikuwa zimenyamaza tangu tarehe 11 mwezi wa kumi na moja 1918, zaidi ya miezi saba mbele. Hapo ndipo tunataka kukaa kidogo, maana katika miji yetu kila mara linarudi wazo la kuandaa mashindano ya amani: mpira wa amani, mbio za miguu za amani, baiskeli za amani. Wanaoyaandaa wengi wana nia njema. Lakini historia ya mbio hizi kubwa kuliko zote za baiskeli inaonyesha mpangilio wa mambo, nini kilitangulia na nini kilifuata, na sisi huku mashariki tunaambiwa tuupindue mpangilio huo.

Tour de France ilizaliwa 1903, na haikuzaliwa kwa ajili ya amani wala urafiki wa mataifa. Ilizaliwa kwa sababu gazeti moja, L'Auto, lilikuwa halinunuliwi. Mkubwa wake, Henri Desgrange, alikubali wazo la kuwazungusha watu Ufaransa nzima kwa baiskeli, hatua kwa hatua, ili wasomaji wanunue gazeti wajue nani yuko mbele. Biashara tupu. (Sisi wa magazeti tusijivune sana: hata leo wengi wetu tungefanya vilevile kama tungekuwa na pesa za kuanzia.) Biashara ile ilifaulu kwa sababu kulikuwa na kitu ambacho Desgrange hakukitengeneza yeye: barabara ambayo mtu angeweza kutoka nayo Paris asubuhi na kufika Lyon bila kuomba ruhusa kwa mwenye bunduki.

Mbio za 1914 ziliondoka Paris tarehe 28 mwezi wa sita, siku ileile mrithi wa ufalme wa Austria alipouawa Sarajevo. Mbelgiji Philippe Thys alishinda, mbio zikaisha tarehe 26 mwezi wa saba, na wiki moja baadaye Ufaransa ilikuwa vitani. Wengi wa wale waliokuwa wakipigiwa makofi barabarani walivaa kombati. François Faber, mshindi wa 1909, aliuawa mwezi wa tano 1915. Octave Lapize, mshindi wa 1910, alikuwa rubani wa ndege ya vita. Aliangushwa mwezi wa saba 1917. Lucien Petit-Breton, aliyeshinda mara mbili, 1907 na 1908, alikufa mwishoni mwa 1917 kwa ajali ya gari akiwa katika utumishi wa jeshi. Hao ni washindi watatu wa Tour. Wale ambao hawakushinda kitu, waliofika wa ishirini au wa arobaini, majina yao yamebaki kwa familia zao tu.

Kwa hiyo 1919 waliobaki ndio waliopanda baiskeli. Wengine walikuwa hawajafanya mazoezi kwa miaka. Matairi yalikuwa haba, na viwanda vya baiskeli, vilivyokuwa vikigombana kabla ya vita, ilibidi viungane katika kundi moja ili waendeshaji wapate vifaa. Kaskazini mwa nchi barabara zilikuwa zimechimbwa na mizinga. Zilikuwa hatua 15, jumla ya kilomita zaidi ya 5,500. Hatua moja, kutoka Metz hadi Dunkerque, ilikuwa na kilomita 468 na ilipita katika maeneo yaliyokuwa uwanja wa vita. Kwa mwendo wa wastani hakuna Tour iliyowahi kwenda polepole kama ile: kilomita 24 kwa saa. Mwisho wake waliohesabiwa kumaliza walikuwa 10.

Katika mbio hizo ndipo ilipotokea jezi ya manjano, inayovaliwa mpaka leo na anayeongoza. Wa kwanza kuivaa, mwezi wa saba 1919 pale Grenoble, alikuwa Eugène Christophe. Rangi ilikuwa ya karatasi ya L'Auto. Hata hapo biashara haikusahauliwa. Christophe alikuwa mtu wa mkosi. Mwaka 1913, akishuka mlima wa Tourmalet, ule uma wa mbele unaoshika gurudumu ulivunjika. Alibeba baiskeli begani, akatembea kilomita nyingi hadi kijiji cha Sainte-Marie-de-Campan, akaingia kwa mhunzi na kuuchomea chuma mwenyewe, kwa sababu sheria ilikataza kusaidiwa. Wasimamizi walisimama pale wakimtazama, kisha wakamwadhibu kwa kuwa kijana mmoja alimvutia mivuo. Mwaka 1919, akiwa na jezi ya manjano, na mbio zikiwa karibu kuisha, uma ukavunjika tena, na tena akautengeneza kwa mikono yake. Mbelgiji Firmin Lambot alimpita na kushinda. Wafaransa walichanga pesa, gazeti likazipokea, na Christophe akapata zaidi ya faranga 13,000.

Kila mtu aliyewahi kuona wasukuma chukudu wa Goma anamfahamu Christophe bila kuambiwa. Baiskeli ile ya mbao, ambayo watu wa Kivu waliitengeneza wenyewe na ambayo mji wa Goma umeisimamishia sanamu, ikivunjika njiani mwenyewe hangoji fundi. Anatafuta kipande cha mti na panga. Na kinga ya chuma, ile inayobeba makala, ndizi na mitungi ya mafuta, inafungwa kwa kamba ya mpira mpaka ifike. Tofauti ni hii: Christophe alipoinuka na baiskeli yake, barabara mbele yake ilikuwa wazi. Wetu anainuka anakuta bariyeri, analipa jetoni, anaenda kilomita chache, analipa tena kwa watu wengine wenye nguo nyingine.

Kuna ukurasa wa pili wa historia hii ambao hauzungumzwi sana. Wakati wa vita ya pili ya dunia Ufaransa ilikuwa chini ya Wajerumani, na Wajerumani walipenda Tour iendelee. Ni rahisi kujua kwa nini: mbio zikipita vijijini, watu wakisimama kando wakipiga makofi, picha inasema kwamba maisha ni ya kawaida. Jacques Goddet, aliyekuwa amechukua nafasi ya Desgrange, alikataa. Hakuwa malaika, gazeti lake liliendelea kutoka chini ya Wajerumani na kwa sababu hiyo lilifungwa nchi ilipokombolewa. Lakini Tour hakuitoa. Kuanzia 1940 hadi 1946 hakukuwa na mbio. Zilirudi 1947.

Sisi tumeiona picha ya namna hiyo kwa karibu kuliko Wafaransa wa leo. Mwishoni mwa mwezi wa kwanza 2025 Goma ilichukuliwa na M23. Wiki chache baadaye, mwezi wa pili, Tour du Rwanda ilifanyika, na ilipita hata Rubavu, mji unaogusana na Goma. Timu moja kubwa ya Ubelgiji ilikuwa imejiondoa kwa kuhofia usalama; nyingine zilikwenda. Mwezi wa tisa Kigali ikapokea mashindano ya dunia ya baiskeli barabarani, ya kwanza kufanyika Afrika, ingawa Bunge la Ulaya lilikuwa limetaka yaondolewe pale ikiwa Rwanda haitabadili mwenendo. Hatuwalaumu vijana waliokanyaga pedali. Kijana wa Ethiopia au wa Uganda aliyengoja maisha yake yote mashindano ya dunia yafike Afrika hana deni kwetu. Lakini waandaaji walijua kilichokuwa upande wa pili wa mpaka, nasi tunalo haki ya kukumbuka kwamba walijua.

Na kwa sababu tunayasema kuhusu jirani, sherti tuyaseme pia nyumbani. Yeyote anayetawala mji wa mashariki leo, awe amewekwa na Kinshasa au amejiweka kwa bunduki, anapenda uwanja uliojaa watu. Kombe, fulana zenye neno AMANI kifuani, hotuba, picha. Jioni watu wanarudi nyumbani, na mama anayeleta maharagwe kutoka shambani bado hawezi kupita. Mashindano ndani ya mji mmoja yanawezekana hata mji ukiwa umefungwa pande zote. Ndiyo maana wenye nguvu wanayapenda. Mbio za hatua haziwezi kudanganya namna hiyo, kwa sababu zinataka mtu alale mji mmoja na kuamkia safari ya mji mwingine, na nyuma yake magari, madaktari, mafundi, watangazaji na watazamaji.

Fikiria kidogo. Hatua ya kwanza, Goma hadi Rutshuru, juu ya mawe ya volkano na kando ya Nyiragongo. Hatua ya pili, Rutshuru hadi Kanyabayonga: uwanda wa Rwindi ndani ya mbuga ya Virunga, joto, viboko upande mmoja, kisha mpando wa Kabasha ambao hata lori linaupanda likilia. Ya tatu, Kanyabayonga hadi Butembo, baridi ya Lubero na vilima visivyoisha. Ya nne, Butembo, Beni, na kushuka hadi Kasindi mpakani, Ruwenzori ikionekana kama mawingu yanaruhusu. Hakuna mtaalamu wa kigeni anayehitajika kuchora njia hii. Dereva yeyote wa lori wa zamani anaijua kwa moyo, na atakuambia pia wapi alitekwa, wapi mwenzake alichomwa ndani ya gari.

Wanaosema kwamba baiskeli ni mchezo wa Wazungu watazame Eritrea. Mbio za nchi hiyo zilianza 1946, chini ya urithi wa Waitalia, halafu zikapotea kwa muda mrefu. Vita ya kudai uhuru peke yake ilidumu miaka 30, tangu 1961 hadi 1991. Mbio zilirudi 2001. Biniam Girmay, mtoto wa seremala wa Asmara, alikuwa amezaliwa mwaka mmoja kabla. Alikulia katika mji ambao mbio za baiskeli zinapita mbele ya mlango, akapelekwa Uswisi kwenye kituo cha shirikisho la dunia la baiskeli, na tarehe 1 mwezi wa saba 2024, pale Turin, akawa Mwafrika mweusi wa kwanza kushinda hatua ya Tour de France. Ilikuwa Tour ya 111. Alishinda hatua nyingine mbili na akamaliza mbio Nice akiwa na jezi ya kijani, ya mwenye pointi nyingi. Girmay ana kipaji, hakuna ubishi, na alipata bahati. Lakini kabla ya kipaji kuonekana, kulikuwa na barabara inayopitika, na siku ya mapumziko vijana wakishindana juu yake.

Vijana wetu wanaobeba kilo mia na zaidi juu ya mbao wana mapafu ya namna ileile. Shirikisho la baiskeli la Kongo na wizara ya michezo wakitaka kufanya kitu leo, katika miji ambako bado inawezekana, waanze na kidogo: mbio za vijana siku ya Mungu asubuhi, kofia za kichwa, fundi mmoja, na daftari la matokeo linalotunzwa vizuri mwaka hadi mwaka. Hilo halihitaji bango la amani.

Wale wanaokaa mezani Doha na Washington, na wapatanishi wao, tunawaomba wasitupimie maendeleo kwa idadi ya mikutano. Waseme tarehe ambapo bariyeri ya kwanza kati ya Goma na Butembo itaondolewa, waseme ni ipi, na nani ataiondoa. Sisi tutatuma mtu akaangalie. Akikuta imetoka, aendelee hadi ya pili.